Maneno ya Mzee wa Bustan

Nilipostaafu ualimu nilidhani nimemalizana na wafalme wa Ulaya. Nilikuwa nimewafundisha miaka mingi katika shule moja ya binafsi hapa Maskati, wale wale kila mwaka, na majumba yao ya mawe na baridi yao, kwa watoto ambao hawajapata kuiona theluji. Nikarudi nyumbani kwangu Hail, nikapanda mrehani na mindimu, nikawa naishi peke yangu na sauti ya redio. Halafu siku moja baada ya alasiri simu ikalia, na mwanamke mtu mzima, kwa Kiswahili kile cha Unguja cha zamani alichokuwa akisema mama yangu, akaniuliza kama mimi ndiye yule mwalimu wa historia.

Alinieleza kuwa ana mjukuu wa kike anayesoma kwa mtaala wa Kiingereza. Mtihani wake ulikuwa mwakani, na kila somo analiweza isipokuwa hilo la zama za kati: mabwana na ardhi zao, viapo vyao, na jinsi wafalme walivyopanda juu yao. Wazazi wa msichana walikuwa kazini nje ya nchi, kwa hiyo alikuwa akikaa Bustan na babu na bibi yake. "Bwana amesema apatikane mwalimu wa Kiswahili," akasema yule mama, akimaanisha mumewe, "ili na yeye asikilize siku akipenda." Nilipendezwa na habari ya mzee anayetaka kusikia masomo ya mjukuu wake. Nikakubali bila kuuliza mengi.

Kutoka Hail mpaka Bustan unaupita mji wote, kisha barabara inakata milimani na kukushusha ufukweni. Nyumba yao ilikuwa nyuma kabisa, mlima umeisimamia. Ukiwa uani unalazimika kuinua uso ili uione mbingu. Jua likishavuka upande wa pili, kivuli cha mlima hushuka pale mapema sana. Mjini watu bado wako kwenye mchana mweupe, na katika nyumba ile taa zimeshawashwa. Sikupata kuizoea saa ile. Kila mara nilihisi nimechelewa mahali.

Bibi alikuwa mfupi, mtandio wake haukosi kunukia udi, vidole vimeiva kwa hina. Mjukuu wake alikuwa na miaka kumi na saba, mrefu, mwenye maneno ya haraka, anaanza sentensi kwa Kiarabu na kuimaliza kwa Kiswahili. Tulikaa ukumbini chini. Hatujafika mbali, Bibi akapanda ngazi, akakaa huko juu kidogo, akashuka.

"Bwana anasema mwalimu asikae hapo, hewa ya mashine inampiga mgongoni."

Ilikuwa kweli, hewa ilikuwa inanipiga mgongoni. Nikahama, nikashukuru. Ni baadaye tu, nikiwa njiani kurudi, ndipo nilipojiuliza mzee ambaye hajashuka chini amejuaje nilipokaa.

Somo nililianza kama nilivyozoea kulianza, na woga. Nilimwambia msichana afikirie nchi ambayo dola yake kubwa imeanguka na hakuna anayelinda njia. Wavamizi wanakuja kwa mashua na kwa farasi. Katika bonde kuna mtu mmoja mwenye ngome na panga, na walio dhaifu wanamwendea. Anayejitoa kwake anavua kofia, anaweka silaha chini, anapiga magoti, anaiunganisha mikono yake kama anayeomba na kuitia katikati ya mikono ya yule bwana, na kusema kwamba tokea leo mimi ni mtu wako. Bwana naye anaifumba mikono ile ndani ya yake. Kisha anampa ardhi, ili ale, na ili amtumikie vitani na kumkalia barazani anapoitwa.

"Kwa hiyo ile ardhi si yake," akasema msichana.

Nikamwambia anaikaa na anaila, lakini imo mkononi mwa bwana mkubwa, na akiitwa asipokwenda, anaweza kunyang'anywa. Akaandika, kisha akainua kichwa. Alisema ni kama ami zake. Nilidhani anatania. Akanieleza kuwa babu yake aliwajengea watoto wake wa kiume nyumba, mmoja Mawaleh, mmoja Hail, mmoja karibu na hapo Bustan, na zote ziko kwa jina la babu. Wanakaa kwa idhini yake. Kila Ijumaa wanakuja wote, wanapanda juu, wanatoa habari zao, wanasikia amri, wanashuka kula. Baba yake mwenyewe, aliye mbali, hupiga simu saa ile ile na Bibi humwekea mzee simu sikioni.

Baada ya wiki chache Bibi alinambia mzee anataka kunisikia. Akatutangulia ngazini.

Chumba kilikuwa kikubwa na safi mno. Kilikuwa na harufu ya ubani na ya dawa ya kuchua. Mzee alikaa kwenye kiti cha mikono, kanzu nyeupe imenyooshwa, kilemba kimefungwa vizuri, bakora imelazwa mapajani. Macho yalikuwa wazi. Jambo lililonishangaza ni kwamba kiti hakikuelekea bahari; kilielekea dirisha la nyuma, ambako huoni kitu isipokuwa jiwe la mlima, jeusi, karibu kiasi cha kudhani limo ndani. Nilimsalimu kwa heshima, mkono kifuani. Hakugeuka. Bibi akainama, akaliweka sikio lake kinywani mwa mumewe, mtandio ukawafunika wote wawili, akangoja.

"Anakukaribisha sana. Anasema wewe uendelee, yeye yupo."

Nikaendelea. Nilieleza jinsi mfalme wa mwanzo alivyokuwa bwana kama mabwana wengine, ila amepakwa mafuta na maaskofu na kuvishwa taji. Jinsi huko Ufaransa baadhi ya waliompigia magoti walikuwa na ardhi kubwa kuliko yeye, na yeye akiogopa kutoka nje ya mji wake bila ya walinzi. Bibi akainama tena. Alikaa pale kwa muda, halafu akainuka na swali.

"Bwana anauliza, ikiwa wao wana nguvu kumshinda, kwa nini hawakummeza?"

Katika miaka yangu yote darasani hakuna mtoto aliyeniuliza swali zuri kama lile. Nilijibu kwamba kila mmoja wao aliona heri ampigie magoti mfalme dhaifu kuliko kumpigia jirani yake. Bibi akamtazama mumewe, akaitikia kwa kichwa kana kwamba wamekubaliana jambo.

Ikawa desturi. Nusu ya somo chini, nusu juu. Nilianza kujiandaa kwa ajili ya maswali ya mzee zaidi kuliko kwa ajili ya mtihani wa msichana. Alitaka kujua kama mwana hurithi kiapo cha baba yake. Nikamwambia hakirithi, bwana akifa, kiapo kinakufa naye, na mwana hana budi apige magoti upya mbele ya bwana mpya. Alitaka kujua inakuwaje mfalme akifa ghafla. Nikamwambia Uingereza ya zamani amani ilihesabiwa kuwa ni ya mfalme mwenyewe, amani yake yeye, na akifa inakwisha. Kati ya kifo chake na kutawazwa kwa mwingine watu walivunjiana milango na kuibiana ng'ombe, na hapakuwa na kosa la kumshitaki mtu. Bibi aliponisikia nikisema hivyo hakuinama kwa mumewe. Aliinuka akaenda kurekebisha pazia ambalo lilikuwa halina tatizo.

Ijumaa moja walinialika chakula. Niliwakuta wale ndugu watatu, watu wazima wenye mvi, mkubwa ni mtu wa cheo serikalini. Walivua viatu chini ya ngazi wakapanda mmoja mmoja kwa umri. Bibi alinita na mimi juu. Kila mmoja alimbusu baba yake kichwani na mkononi, akakaa chini kwenye zulia. Yule wa Mawaleh alikuwa na ombi. Soko la mboga limeshahama, akasema, mtaa umebadilika, watoto wamekuwa wakubwa na nyumba haiwatoshi; anataka kuhamia kwengine. Alisema kwa sauti ndogo, kama mwanafunzi. Bibi akainama, akangoja, akainuka.

"Baba yako anasema hapana. Mkae karibu karibu."

"Sawa, Baba," akasema yule bwana, akainamisha kichwa.

Nilikuwa nimekaa pembeni karibu na mlango, na kutoka pale niliona kitu ambacho huenda wao wenyewe hawakujua wanakifanya. Walisema "Baba", lakini hakuna hata mmoja aliyemtazama baba yake usoni. Wote watatu walikuwa wakitazama midomo ya mama yao.

Wiki iliyofuata nilimaliza somo mapema. Msichana alinisindikiza mpaka uani. Kivuli cha mlima kilikuwa kimeshatufunika na gari langu lilikuwa bado la moto kwa jua ambalo halipo. Alikuwa akichezea funguo zangu, hanipi.

"Mwalimu," akasema, "babu hasemi."

Nikamuuliza ana maana gani. Akasema hasemi kabisa, tokea alipopigwa na kiharusi, yeye akiwa bado yuko shule ya msingi. Alipokuwa mdogo alikuwa akilala mchana kwenye godoro chumbani kwao, na akimsikia Bibi anaongea na babu. Bibi anauliza, anangoja, halafu anajijibu. Hakupata kusikia sauti nyingine mle ndani. Nilimuuliza kama amepata kumwambia mtu yeyote, ami zake, baba yake.

"Kwa nini nimwambie mtu? Nikitaka kitu namwendea Bibi, Bibi anamuuliza babu, babu anakubali. Babu ananipenda sana." Akatabasamu, akanipa funguo.

Niliendesha gari mpaka nyumbani madirisha yakiwa wazi. Nilikuwa nimeingiwa na woga. Ule ugonjwa wenyewe naujua, mjomba wangu alikuwa nao. Kilichonitisha ni kule kungoja. Nilimkumbuka Bibi alivyokuwa akitulia kila anapoinama, muda mrefu, uso umekazana kwa kusikiliza. Alikuwa akisikiliza nini? Na yale maswali yaliyonifanya nijione kijana tena, yalikuwa yake yeye. Mwanamke ambaye, kwa alivyonambia mwenyewe, hakumaliza hata chuo cha Kurani.

Nilifikiria kuacha. Sikuacha. Msichana alikuwa na mtihani, na mimi nyumbani nilikuwa na redio.

Mada yetu ya mwisho ilikuwa jinsi wafalme walivyopata nguvu kuliko mabwana, na ndani ya mada hiyo kuna mfalme mmoja wa Uingereza ambaye kila mwaka nilikuwa namweleza darasani, kwa sababu watoto hunyamaza wakimsikia. Siku ile nilikuwa nimefika kwake tuko juu. Msichana akaitwa chini kupokea simu ya wazazi wake. Bibi naye akaniomba radhi akaenda kutia udhu kwa sala ya alasiri. Mlango uliachwa wazi. Nilibaki mimi, mzee, na mashine ya hewa inayovuma.

Ningeweza kunyamaza. Lakini kukaa kimya mbele ya mtu aliyekaa kimya kuna uzito wake, na mimi nimezoea kujaza chumba kwa maneno. Nikamsimulia. Nilimwambia palikuwa na mfalme ambaye siku moja, bila ya homa wala jeraha, aliondokewa na akili. Hakusema, hakumjua mtu, hakuweza kusimama bila ya kushikwa. Ikawa hivyo mwaka mzima na zaidi. Mkewe akajifungua mtoto wa kiume, mrithi, nchi nzima inamngoja. Wakampelekea yule mtoto wakamweka mbele yake. Alimtazama mara moja, akainamisha macho, basi. Mabwana wakubwa wakaja wakapiga magoti, wakasema naye, wakaenda kula, wakarudi, wakasema naye tena. Hawakupata neno wala ishara. Halafu siku moja akazindukana kama aliyekuwa usingizini, akauliza mtoto anaitwa nani.

Nilikuwa namtazama mzee nikisema hayo. Macho yake yalikuwa kwenye jiwe la mlima.

"Nani alikuwa akimsemea?"

Sauti ilitoka kitini. Haikuwa ya kunong'ona, wala ya mgonjwa. Ilikuwa sauti nzito, kavu kidogo, ya mtu anayeuliza jambo huku akila. Midomo nilikuwa siioni vizuri kwa sababu uso alikuwa ameuelekeza dirishani. Na kwa kuwa maisha yangu yote nimejibu maswali, nilijibu.

"Mkewe ndiye aliyetaka kumsemea," nikasema. "Mabwana wakakataa. Wakamweka mmoja katika jamaa za mfalme."

Nikangoja. Mashine ilikuwa inavuma. Bakora ilikuwa pale pale mapajani, na mkono juu yake haukutikisika. Sijui nilikaa hivyo kwa muda gani. Bibi alipoingia, uso na mikono bado mbichi kwa maji, alinikuta nimesimama, na sikumbuki kuinuka.

Aliniuliza kama naumwa. Nikamwambia mzee amesema. Nilidhani atakasirika, au atasema, ndiyo, yeye husema kila siku. Alisimama tu na maji yanamtiririka kwenye viwiko. Akaniomba nirudie maneno yenyewe. Nikayarudia. Akauliza kama alisema kwa hasira. Nikasema hapana. Akauliza kama alimtaja yeye kwa jina. Nikasema hapana.

Alikaa kitandani.

"Tokea siku ile alipoanguka hajanambia hata neno moja," akasema. "Nimemlisha, nimemkosha, nimemfunga kilemba kila asubuhi. Nnainama pale nnangoja, wallahi nnangoja kweli. Halafu nnasema mimi."

Njiani kurudi nilijihoji kama nimesikia kweli. Madaktari wana maelezo yao, na mtu aliye peke yake na hofu yake husikia mengi. Yote hayo nayakubali. Lakini mpaka leo nikiulizwa, nasema nilisikia, na maneno yalikuwa ya Kiunguja, na hayakuwa yangu.

Bibi hakunishuku hata kidogo, na hilo lilikuwa zito zaidi. Niliporudi alikuwa na mpango. Nikae na mzee peke yangu, nisimulie hadithi ile ile, na yeye atasimama nyuma ya mlango. Nilifanya hivyo. Nilifanya siku ile, na mara iliyofuata, na nyingine tena. Yule mfalme nilimwondolea akili na kumrudishia akili mchana baada ya mchana, na kila nikifika pale anapozindukana nilikuwa nasikia nguo ya Bibi inasugua mlango. Mzee hakutoa sauti. Msichana, ambaye tulimweleza nusu tu ya jambo, alinambia chini kuwa sasa Bibi hajijibu tena. Anamuuliza babu, kisha anakaa na kulala na swali lake.

Hiyo ilikuwa kweli, niliiona. Aliacha kuinama. Alipokuwa chumbani alitembea kwa vidole vya miguu na kusema chini chini, hata kuagiza chai. Alihamishia godoro lake chumba cha pili. Nilipomuuliza kama anamwogopa mumewe, alinivuta mpaka ngazini kabla ya kujibu.

"Miaka yote nilidhani nnamsemea mtu aliyekwishaondoka. Nikaona si dhambi kubwa, mtu hayupo, na watoto wanahitaji baba. Kumbe yumo. Kakaa mle ndani ananisikiliza nnavyosema uongo kwa kinywa chake." Alishika reli ya ngazi. "Ijumaa nikiinama, je, akisema? Akisema mbele yao, hapana, mama yenu muongo?"

Nikamuuliza kwa nini alianza. Akasema alijua kwamba siku wana wake watakapoambiwa baba hana tena amri, kila mmoja atashika njia yake, na yeye atabaki Bustan na mlima.

Ijumaa iliyofuata aliniomba nije. Hakuniambia atafanya nini. Wale ndugu walivua viatu, wakapanda, wakabusu kichwa na mkono, wakakaa kwenye zulia. Yule wa Mawaleh alianza habari zake. Bibi alikuwa amesimama mbali na kiti, mgongo kwenye kabati, jambo ambalo hajapata kulifanya. Alimwacha amalize.

"Baba yenu hasemi," akasema. "Hajasema tokea alipoanguka. Yote mliyoyasikia ni yangu mimi."

Nilitegemea kelele. Hapakuwa na kelele. Mkubwa wao alikuwa akitazama mikono yake.

"Tunajua, mama," akasema.

Bibi akauliza wamejua tokea lini. Akajibu tokea mwanzo, tokea hospitali, daktari aliwaambia. Akauliza, sasa kwa nini mlikuwa mkija, mkisema ndiyo, mkikatazwa mnatii? Mkubwa aliwatazama wadogo zake, nao wakamtazama yeye, na nikaona kwamba hata kati yao hawajapata kulisema hili.

"Mimi nikimwambia huyu asihame, atahama," akasema, akimwonyesha wa Mawaleh. "Baba akimwambia, anakaa."

Ndipo wote, kwa mara ya kwanza mbele yangu, wakamtazama baba yao usoni. Mdogo wao alisogea kwa magoti mpaka kitini, akaweka mkono wake juu ya mkono ulioshika bakora, akamwita. Baba. Baba, unatusikia? Tulingoja. Bibi alikuwa amejiziba mdomo kwa mtandio. Nje, kivuli kilikuwa kimeshamaliza ua na kimepanda ukuta. Mzee alitazama mlima.

Jambo la ajabu ni kwamba hawakuondoka. Kwa kawaida Bibi ndiye aliyekuwa akiinama mara ya mwisho na kusema baba yenu anawapa ruhusa. Siku ile hapakuwa na wa kuwapa ruhusa. Walikaa kwenye zulia, watu wazima watatu, simu zao zinatetemeka mifukoni, chakula kinapoa chini, na hakuna aliyeinuka. Chumba kilianza kuwa kiza na hakuna aliyewasha taa. Niliwahesabu kwa vivuli vyao. Mwishowe mjukuu alitokea mlangoni akawaambia ami zake kwamba magharibi imeingia, na wao wakainuka haraka, wote kwa pamoja, kama waliofunguliwa.

Yaliyofuata hayakuwa na kishindo. Yule wa Mawaleh alihama mwezi ule ule. Mkubwa alijaribu kuwakusanya nyumbani kwake Ijumaa. Walikwenda, kisha akaenda mmoja, kisha hakwenda mtu. Palizuka maneno kati yake na wa Mawaleh juu ya nyumba iliyoachwa, na wake zao wakaacha kusalimiana. Mdogo peke yake ndiye aliyeendelea kuja Bustan, akaja hata katikati ya wiki, akamnyoa baba yake ndevu, akakaa naye bila ya kusema.

Mzee alifariki msimu wa baridi, mchana, wakati mjukuu anamsomea madaftari yake ya marudio. Msichana alinieleza kuwa hakugundua mara moja. Alikuwa amefika kwenye habari za mabaraza ya wafalme, akamaliza ukurasa mzima, ndipo akahisi chumba kimekuwa kikubwa. Ndugu wote watatu walishika jeneza. Makaburini, alivyonisimulia mdogo wao, walisimama kila mmoja upande wake.

Msichana alifaulu vizuri, akaenda nje kusoma uhandisi wa maji. Hakutaka tena historia. Nyumba ya Bustan ilikodishwa na familia inayofanya kazi hoteli kubwa, na nimesikia wamekigeuza kila kitu, wanakaa wakitazama bahari. Bibi, alipomaliza eda, alihamia Hail kwa mwanawe mdogo, mitaa miwili kutoka kwangu. Alasiri huja kunitembelea. Hatuzungumzi habari za wafalme. Alinambia amechoka nao, nimfundishe simu, kwa sababu mjukuu yuko mbali na hapendi kuandika, hutuma maneno ya sauti.

Amejifunza haraka. Anabonyeza, anasema habari za nyumbani, nani kaoa, nani mgonjwa, bamia zimeota vipi, anamuuliza mtoto kama anakula vizuri, kisha anaachia. Huko aliko msichana saa si zetu, na mara nyingi jibu huchelewa. Bibi huiweka simu mapajani, anaitazama. Mimi huinuka nikaenda kutia maji ya chai, nikirudi namkuta vile vile, kimya, anasubiri.